Kutafuta Ukoo Wako Mtwara na Lindi: Mwongozo Kamili, Hatua kwa Hatua

Mtu amezaliwa Dar es Salaam, Morogoro au Tanga. Anaambiwa kwao ni Newala, au Masasi, au Ruangwa. Siku moja anaamua kwenda kuwajua wazee wake. Anapanda basi, anakaa kijijini siku nne, anarudi na jina la babu na jina la baba yake babu, na baada ya hapo daftari ni jeupe. Nimeletewa madaftari ya namna hiyo mengi sasa, na karibu yote yamekwama mahali pamoja.

Sababu ni mbili. Mwenye daftari aliuliza kuumeni peke yake, ilhali Wamakonde, Wayao, Wamakua na Wamwera tangu zamani huhesabu ukoo kukeni. Tena alitafuta katika kijiji kilichopo leo, ilhali wazee wake walizikwa kwenye mahame, yaani makazi ya zamani yaliyoachwa. Fuata hatua hizi kwa mpangilio wake. Ukiruka ya mwanzo, ya mbele haitafunguka.

## Vitu vya kuandaa

- Kaunta buku mbili. Moja ya kuandikia papo hapo, maneno kama yalivyosemwa; nyingine ya kunakilia jioni.
- Penseli. Wino wa kalamu ukilowana, kazi ya siku nzima imekwenda.
- Simu ya kurekodia sauti, na pawabenki iliyojaa.
- Picha za zamani za familia, zisafishwe kwa ukubwa wa karatasi nzima. Macho ya bibi wa miaka 80 hayaoni picha ya kwenye simu.
- Kilo moja ya kunde na nusu kilo ya choroko. Kazi yake iko hatua ya 4.
- Zawadi: sukari, majani ya chai, sabuni za mche, doti ya kanga kwa bibi mkubwa, ugoro kwa mzee anayenusa.
- Kitambulisho, pamoja na barua ya serikali ya mtaa wako kama utaingia ofisini au parokiani.
- Siku kumi. Ukiwa na siku nne, subiri mpaka upate kumi.

Nenda kati ya Juni na Agosti. Kuanzia Septemba au Oktoba hadi mwisho wa mwaka ni msimu wa korosho; wazee wako mashambani wanaokota, na jioni wamechoka. Masika nayo hukata njia za vijijini. Kama safari yako itaangukia likizo ya shule, jua kwamba huo pia ni wakati wa jando na unyago. Utawakuta ndugu wengi pamoja, lakini kungwi unayemtafuta hatakuwa na nafasi ya kukaa nawe.

## Hatua ya 1: Anzia nyumbani, kabla ya basi

Kaa na mama yako, au mama mkubwa, au shangazi mwenye kumbukumbu. Uliza mambo manne tu. Mama yake bibi aliitwa nani? Mjomba mkubwa wa upande huo ni nani, na yuko wapi? Kabla ya kuhamishiwa kijiji cha sasa walikaa wapi? Nani alizikwa huko?

Kwa kila mtu atakayetajwa, uliza tena: alikuwa na majina gani mengine? Huku kwetu mtu mmoja hubeba majina manne. Ana jina la kuzaliwa, jina alilotoka nalo jandoni au unyagoni, jina la dini, na mara nyingi jina alilopewa kazini au bandarini. Mimi mwenyewe nilimtafuta mjomba wa mama miaka mitatu kwa jina lake la msikitini. Kijijini kwake hakuna aliyelijua. Nilipotaja la jandoni, mtoto wa darasa la nne alininyooshea kidole nyumba yake.

Umefaulu ukiwa na: jina la mtu mmoja aliye hai, wa kukeni, na kijiji anachokaa.

## Hatua ya 2: Shukia kwa mjomba

Ukitoka Dar es Salaam, basi linapita Kibiti, Nangurukuru na Lindi. Hapo Mnazi Mmoja, Mingoyo, barabara inagawanyika: moja kwenda Mtwara, nyingine kupanda Ndanda na Masasi. Popote unapoelekea, usishukie kwa rafiki au nyumba ya wageni halafu ukaanza kuzungukia wazee. Mjomba ndiye mwenye dada zake na watoto wao. Habari za ukoo hupitia mlangoni kwake, na mzee mwingine hatafungua kinywa kabla hajajua kwamba mjomba anajua.

Siku ya kwanza ni ya shikamoo, kula, na kupeana habari za wazima na waliotangulia. Zawadi mpe mjomba, yeye ndiye azigawe. Mwende pamoja kwa mwenyekiti wa kijiji ukajitambulishe siku hiyo hiyo. Simu iache mfukoni.

Onyo. Mgeni anayeuliza makaburi na mashamba ya zamani huzua hofu. Mikorosho ni mali, hurithiwa, na kesi zake hazikauki. Sema mapema, mbele ya watu, kwa maneno mepesi: "Sikuja kudai shamba wala mkorosho. Nimekuja kuwajua wazee wangu." Rudia kila nyumba. Nimeona safari nzuri ikifa siku ya pili kwa sababu maneno hayo hayakusemwa.

Umefaulu pale: mtu ambaye hukumuuliza chochote anapokuja jioni na kukuambia, "Kumbe wewe ni mtoto wa fulani! Mama yako nilimbeba mgongoni."

## Hatua ya 3: Uliza jina la ukoo wa kukeni

Hapa ndipo madaftari mengi yalipofia.

Ukiandika babu, baba yake babu, babu yake babu, unadhani unapanda mti mmoja. Kwa hesabu ya wazee wa huku unaruka mti hadi mti. Babu yako alikuwa wa ukoo wa mama yake. Baba yake babu alikuwa wa ukoo mwingine, wa mama yake yeye. Kila hatua ya kuumeni inakutoa kwenye ukoo mmoja na kukutupa katika mwingine, na hakuna mzee mmoja anayetunza kamba hiyo yote. Ubini ulioko kwenye cheti chako umekuja na dini, shule na fomu za ofisi. Si uongo, ila haufiki mbali.

Ukipanda kukeni, mama, bibi, mama yake bibi, unabaki katika nyumba moja. Hiyo ndiyo kamba iliyotunzwa. Wamakonde huita ukoo huo litawa, na Wamakua huuita nihimo. Kwa Wayao utasikia mbumba, yaani dada na watoto wao walio chini ya ulinzi wa kaka yao mkubwa. Muulize mjomba: "Sisi ni litawa gani? Nani wengine wa litawa letu wako vijiji vya jirani?" Akikutajia jina, muombe alitamke polepole mara tatu, uliandike kama unavyolisikia, kisha umsomee.

Fungua kaunta buku na utenge kurasa: kushoto kuumeni, kulia kukeni. Usifute upande mmoja kwa kuupenda mwingine. Uislamu una mirathi yake, Ukristo una vyeti vyake, na watoto wengi wa leo hujitambulisha kwa baba. Pwani, Kilwa na Mikindani, hesabu ya kuumeni ina nguvu zaidi, kwa hiyo ukiwa huko sikiliza kwanza wenyewe wanaanzia wapi.

Umefaulu ukiwa na: jina la ukoo, na angalau nyumba tatu katika vijiji tofauti zinazolitambua kuwa lao.

## Hatua ya 4: Panga kunde kwenye ungo

Ukimwambia mzee "nitajie watoto wote wa mama yako", atataja waliokua. Waliokufa wachanga, walioondoka, waliozaliwa kwa mume mwingine, hao wote watapotea. Si kwamba anaficha. Kinywa huenda haraka kuliko kumbukumbu. Mpe kazi ya mikono.

Omba ungo. Kila mtoto aliyekua ni kunde moja, kila aliyekufa mdogo ni choroko moja. Mstari mmoja ni watoto wa mama mmoja, kuanzia kifungua mimba hadi kitinda mimba. Mzee mwenyewe aweke, wewe usiguse.

Nilijifunzia hili Newala, kwa mdogo wake bibi yangu. Alikuwa amekaa mkekani, miguu kaikunjua, ungo magotini. Nilikuwa nimeshaandika mara mbili kwamba mama yake alizaa wanne. Akaweka kunde nne. Mkono ukasita juu ya ungo. Akachukua choroko mbili, akazipenyeza kati ya kunde ya pili na ya tatu, akazikalia na kidole gumba muda mrefu. "Hawa hawakufika kutambaa," alisema. Kisha akasogeza kunde ya nne mpaka ukingoni, peke yake. Huyo alikwenda kuwa manamba, kibarua wa mkataba, kwenye mashamba ya mkonge na hakurudi. Kwa mwendo wa dakika tano nilipata watu sita na safari moja, baada ya maswali ya siku mbili kunipa majina manne matupu.

Mstari ukikamilika, piga picha ungo kutoka juu. Ndipo uandike majina, ukigusa punje moja moja: huyu nani, aliitwa nani mengine, aliolewa wapi, yuko wapi. Hapa sasa unaweza kuomba ruhusa ya kurekodi sauti, kwa sababu mzee anaangalia ungo, haangalii simu.

Onyo. Kidole kikikalia punje, nyamaza. Usiulize jina. Likitaka kutajwa, litatajwa.

Umefaulu pale: mzee anapoanza kujisahihisha mwenyewe, na wenzake wanasogea kubishana naye kuhusu nani alimtangulia nani.

## Hatua ya 5: Uliza matukio, acha miaka

Swali la "ulizaliwa mwaka gani" litakupa mwaka wa kwenye kitambulisho, ambao mara nyingi ulikisiwa na karani. Andika matukio haya jalada la ndani la kaunta buku, ulinganishe nayo kila habari:

- 1905 hadi 1907: vita vya Majimaji. Vilianzia vilima vya Matumbi, Kilwa, pale pamba ya serikali ya Mjerumani ilipong'olewa Nandete. Njaa iliyofuata ndiyo inayokumbukwa zaidi na familia nyingi.
- 1914 hadi 1918: vita ya Mjerumani na Mwingereza. Oktoba 1917 yalikuwa mapigano makubwa ya Mahiwa, karibu na Nyangao. Uliza nani alichukuliwa kubeba mizigo.
- 1947 hadi 1951: mradi wa karanga Nachingwea, uliozaa reli na bandari ya Mtwara. Reli ilikwisha kung'olewa mwanzoni mwa miaka ya 1960.
- Aprili 1952: kimbunga kilichopiga Lindi.
- 1961: Uhuru.
- 1964 hadi 1974: vita ya ukombozi ng'ambo ya Ruvuma. Wakimbizi walivuka kwa maelfu, na wapiganaji wa FRELIMO, chama cha ukombozi cha Msumbiji, walifunzwa Nachingwea. Familia nyingi za Kimakonde zina nusu yao Msumbiji.
- Miaka ya 1970: kuhamishiwa vijiji vya ujamaa.
- 1978 na 1979: vita ya Kagera.

Kisha uliza hivi: "Wakati wa karanga, bibi alikuwa amekwisha kuchezwa?" Msichana huchezwa unyago akiwa na miaka kama 10 hadi 14. Akiwa alichezwa katika kipindi cha karanga, basi alizaliwa kati ya 1933 na 1941. Kwa mwanamume uliza jando. Andika makisio yako kwa penseli na tukio lenyewe pembeni, ili atakayekuja baadaye aone umelipataje.

## Hatua ya 6: Nenda kwenye mahame

Kijiji unachokiona leo barabarani, chenye nyumba zilizopangwa mstari, shule na zahanati, kwa sehemu kubwa ni matokeo ya miaka ya 1970. Kabla ya hapo watu walikaa kwa makundi madogo madogo ya ndugu, kila kundi na eneo lake. Walipohamishwa waliacha nyumba, miti na makaburi. Huko ndiko uendako.

Nenda na mjomba, au mzee aliyewahi kulala huko akiwa mtoto. Ondokeni alfajiri. Chukua panga, maji ya kutosha na viatu vya kufunika mguu. Majani ni marefu na nyoka wapo. Usiende msimu wa kuchoma mashamba bila kuuliza upepo unaelekea wapi.

Unatambua hame kwa miti. Miembe mikubwa haioti kwa mstari porini yenyewe, mtu aliila embe akakaa hapo. Mikorosho mizee, mfenesi, mkwaju ulioachwa wakati mingine ilikatwa, vyote ni alama. Inama chini utaona vigae vya vyungu na jiwe la kusagia lililolika katikati. Uwanda wa juu wa Makonde, Newala na Tandahimba, watu walikaa juu mahali pasipo maji, na wanawake wakateremka mabondeni kuyafuata. Muombe mzee akuonyeshe njia ya maji. Akiipata njia, miguu yake itakumbuka nyumba zilizokuwa kandokando yake.

Usimharakishe. Mwache asimame. Ataanza kwa kusema hakumbuki, halafu atanyoosha mkono: hapa kwa fulani, pale jiko la fulani, huku ndiko tulikoogea. Tembea naye mlango hadi mlango, uchore ramani kwa penseli: mwembe, nyumba, kaburi, njia. Hifadhi na alama ya mahali kwenye simu. Ramani ya mkono inaonyesha nani alikaa karibu na nani, na ukaribu huo ndio ukoo wenyewe.

Makaburi mengi hayana maandishi. Simama nje mpaka uoneshwe pa kukanyaga. Kama wenyeji watamwaga unga chini ya mti, au watasoma dua, tulia na ufuate yao. Usiondoke na kigae wala jiwe, hata dogo.

Umefaulu ukiwa na: ramani ya hame yenye wenye nyumba angalau watano, na jina la mahali ambalo halimo kwenye ramani yoyote ya serikali.

## Hatua ya 7: Linganisha na maandishi

Hii ifanye baada ya wazee. Ukianza na makaratasi utawalazimisha wazee wakubaliane nayo.

Vitabu vya ubatizo na ndoa ndivyo vyenye faida zaidi kwa familia za Kikristo. Waanglikana walifungua misheni Masasi mwaka 1876. Wabenediktini, watawa wa Kikatoliki, wana Lukuledi, Nyangao, na Ndanda iliyoanzishwa 1906. Misheni za Lukuledi na Nyangao zilishambuliwa wakati wa Majimaji, kwa hiyo usikate tamaa vitabu vya kabla ya 1905 vikikosekana. Dar es Salaam, Upanga, ziko Nyaraka za Taifa. Omba Vitabu vya Wilaya vilivyoandikwa na maofisa wa Kiingereza. Humo kuna koo, majumbe na mipaka. Visome ukikumbuka nani aliandika na kwa ajili ya kutawala nani.

Mambo mawili huwapoteza watu hapa. Tahajia ya Kijerumani: "ch" yetu wao waliiandika "tsch", na Masasi waliiita Massassi. Na mipaka: eneo lote lilikuwa Jimbo la Kusini, makao yake Lindi kabla ya kuhamia Mtwara, mkoa wa Lindi ulimegwa kutoka Mtwara mwaka 1971, Tandahimba ilikuwa Newala, Nanyumbu ilikuwa Masasi. Mtu wa Tandahimba mtafute kwenye majalada ya Newala.

## Maonyo mawili mazito

Utumwa. Kilwa Kivinje ilikuwa bandari kubwa ya kusafirisha watumwa katika karne ya 19, na misafara iliyofika huko ilipita nchi hii hii. Misheni ya Masasi yenyewe ilianza na watu waliokombolewa, walioletwa na Askofu Edward Steere kutoka Zanzibar. Kwa hiyo unaweza kufika mahali ambapo kamba imekatika ghafla: bibi mmoja hana mama wala ndugu, "alikuja tu". Usitamke neno mtumwa mbele ya watu. Kuna familia zilizowapokea watu kama hao zikawapa jina la ukoo, wakawa ndugu kamili, na hakuna mwenye haki ya kuwarudisha walikotoka. Ukiambiwa faraghani, muulize aliyekuambia kama liandikwe. Akikataa, acha nafasi tupu. Mimi nina nafasi mbili tupu kwenye daftari langu na zitabaki hivyo.

Jando na unyago. Unaweza kuuliza nani alichezwa na nani, mwaka wa tukio gani, somo wake, yaani aliyemfunda, alikuwa nani. Yaliyofundishwa ndani usiulize, na nyimbo zake usirekodi ukisimama nje ya ua. Mwanamume asiulize ya unyago kabisa.

## Hatua ya 8: Rudisha

Nakili kila kitu kwenye kaunta buku ya pili kwa mwandiko safi. Bandika picha za ungo na ramani ya hame. Safisha picha ya kila mzee uliyempiga na uipeleke kwa mkono wako, au umpe ndugu anayesafiri. Ukituma kwa simu haitamfikia.

Kisha rudi, hata kama ni mwaka unaofuata. Mjomba aite wazee, uwasomee daftari lote kwa sauti, kutoka jina la ukoo hadi watoto wa leo. Watakukatiza. Nenda na penseli, usahihishe mbele yao. Nakala moja iache kwa mjomba, ndani ya ndoo ya plastiki yenye mfuniko, kwa sababu ya mchwa, na uache kurasa kumi nyeupe mwishoni.

Siku niliyosoma langu Newala nilifika kwenye mstari wa watoto wa mama yake bibi, nikasoma: wa kwanza, wa pili, wawili waliokufa wachanga, wa tatu, wa nne. Bibi akaniwekea mkono juu ya ukurasa. Akataja majina mawili, moja la kike, moja la kiume, akangoja mpaka nimalize kuandika.